Muulize Daktari wa Meno: "Fizi zimepanda mpaka zinafunika meno"

Shikamoo dokta. Binti yangu ana miaka 9, ana mtindio wa ubongo na kifafa. Anatumia fenitoini ya maji mwaka wa pili sasa, na kuanguka kumepungua sana. Shida ni mdomo. Fizi za mbele zimevimba zinapanda juu ya meno, nikizigusa zinatoka damu, na nikimtia mswaki anaubana hauachii. Mama mkwe anasema dawa ndiyo inamharibu, niiache. Hospitali niliyompeleka waliniambia mtoto wa namna hii hawamwezi, nirudi akikua. Nifanyeje? – Mama Z., Muheza

Marahaba, Mama Z. Nianze na mkweo, maana nusu ya maneno yake ni kweli. Fenitoini huotesha fizi, si kwa kila anayeitumia lakini kwa wengi. Nusu ya pili ndiyo hatari. Usiiache! Dawa ya kifafa ikikatishwa ghafla mtoto anaweza kuanguka mfululizo bila kuzinduka katikati, na hapo tutakuwa tunazungumzia uhai. Nenda kliniki anakochukulia dawa, uwaonyeshe mdomo, uulize kama ipo dawa nyingine inayomfaa. Kubadilisha ni kazi yao, tena kwa hatua.

Ambalo mkweo halijui ni kwamba fizi hizo huota zaidi pale penye utando mchafu juu ya meno. Utando ukiondolewa kila siku, uvimbe na damu hupungua hata kama dawa ni ile ile. Kwa hiyo damu isikutishe ukaacha mswaki. Inatoka kwa sababu hapasafishwi.

Sasa namna ya kusafisha. Nadhani unasimama mbele yake, unamshika kidevu, unasukuma mswaki, kama wafanyavyo karibu mama wote wanaokuja kwangu. Mtoto anaona mkono unamjia usoni, mwili unakakamaa, meno yanafunga. Huo si ukaidi. Kwa watoto wengi wenye mtindio wa ubongo, kitu kikigusa meno taya hujifunga lenyewe.

Keti kwenye mkeka, ukuta uwe mgongoni kwako. Mweke katikati ya miguu yako, mgongo wake kifuani kwako, kichwa kiegemee bega lako, kama unavyomkalisha ukimsuka. Asilale chali, wala kichwa kisirudi nyuma, mate na povu vitampalia. Mkono mmoja ushike kidevu kutokea nyuma, kidole kivute shavu pole pole. Anzia kwenye magego kwa nje, uje mbele. Hapo mbele panapouma paache pawe pa mwisho. Kwa ndani, chukua kitambaa safi kilicholoweshwa, kikunje kiwe kinene kuliko kidole gumba, akiume upande mmoja wewe ukisafisha wa pili, kisha mgeuzie. Usimpe kijiko aume, jino litavunjika. Na usitie kidole chako katikati ya meno. Mimi kovu la kidole cha shahada ninalo mpaka leo.

Kama hawezi kutema, dawa ya meno yenye floraidi iwe kiasi cha punje ya mchele tu. Povu lifute kwa kitambaa, usimsukutue. Fanya asubuhi na usiku, na siku ikikushinda, basi ya usiku isikose. Ile dawa ya kifafa ya maji mara nyingi ina sukari, kwa hiyo mnyweshe kabla ya mswaki, si baada yake. Uji nao hupenda kujificha kati ya shavu na meno, pafute akishamaliza kula.

Kuhusu "arudi akikua", kabla sijawalaumu wenzangu niseme la kwangu. Mwanzoni mwa kazi, kwenye kituo kimoja cha wilaya, niliita watu wanne wakamkamata kijana mwenye ulemavu wa akili, nikamng'oa gego. Nilijiona hodari. Miaka kadhaa baadaye mama yake alinisimamisha sokoni akaniambia tangu siku ile kijana akiona koti jeupe, hata la muuza nyama, anajikojolea. Kwa hiyo ukikuta mahali wanataka kumkamata kwa nguvu, ondoka naye.

Omba barua ya rufaa kwenda hospitali ya mkoa, kwenu ni Bombo. Omba miadi ya asubuhi mapema, awe ameshakunywa dawa na hajachoka, na ubebe dawa zake zote na kadi ya kliniki. Fizi zilizozidi hukatwa, na kwa mtoto kama huyu mara nyingi ni kwa nusu kaputi. Ikifika huko, waombe meno yote yenye shida yashughulikiwe siku hiyo hiyo, asilazwe usingizi mara mbili. Ila bila ule mkeka wa kila usiku, fizi zitaota tena.

Mwanangu wa miaka 6 ana usonji. Anasema dawa ya meno inawasha kama pilipili. Ana gego la utoto limetoboka, na mashine ya meno ilipowashwa alikimbia mpaka barabarani. – Baba wa Temeke

Mwamini. Kwake inawasha kweli, ni ile minti. Tafuta yenye floraidi isiyo na minti, na kwa siku chache zoeza mswaki mtupu kwanza.

Kuhusu tundu, ulizia kuziba bila mashine. Uozo unakwanguliwa kwa vifaa vya mkono, kisha panajazwa saruji ya meno inayotoa floraidi. Mara nyingi hata sindano haihitajiki. Njia hii ilianzia hapa hapa Tanzania katikati ya miaka ya 1980, kwa ajili ya vijiji visivyo na umeme, ndipo ikaenda duniani. Ipo pia dawa ya madini ya fedha na floraidi inayopakwa kwa brashi ndogo na kusimamisha uozo. Shirika la Afya Duniani liliiingiza kwenye orodha ya dawa muhimu mwaka 2021. Pale penye uozo patabaki peusi, mwambie na bibi yake mapema asije akashtuka.

Siku ya kwanza akae tu kwenye kiti, ahesabiwe meno, mrudi nyumbani. Ni nauli mara mbili, najua.