Uliza Anko Gemu: Laana ya damu iliyotoroka hekaluni

SWALI: Anko habari za kazi. Mimi ni mama wa vijana wawili wa sekondari, likizo ikifika ni gemu tu asubuhi mpaka usiku. Juzi nimewasikia wanabishana eti kuna gemu ilikuwa na laana, ikatoka kwa mungu fulani wa damu ikaua watu maelfu, wenye kampuni wakashindwa kuizuia mpaka wataalamu wa magonjwa wakaanza kuisoma. Nikawauliza huo ni uchawi au nini, wakanicheka. Naomba ukweli, niifungie hiyo kompyuta kabatini au? Mama Wawili, Morogoro.

JIBU: Shikamoo mama. Kama unaifungia basi iwe kwa ajili ya luku inavyoisha, ila kwa hiyo laana hapana, haiwezi kutoka kwenye skrini ikamgusa mtu. Na wanao hawajakudanganya hata kidogo.

Gemu yenyewe ni World of Warcraft ya kampuni ya Blizzard, ile inayochezwa onlaini watu wengi kwa pamoja kwenye dunia ya kubuni ya majitu na mbilikimo na wachawi. Tarehe 13 Septemba 2005 wakaongeza eneo jipya linaitwa Zul'Gurub, hekalu porini, mnaingia kikosi cha watu 20 na bosi, yaani adui mkuu, mnayemkuta mwisho ni Hakkar, mungu wa damu. Huyo ndo mwenye laana, inaitwa Corrupted Blood. Akikurushia, uhai wako unapungua zaidi ya pointi 200 kila baada ya sekunde chache, na aliyesimama karibu yako naye inamrukia. Kwa mchezaji wa leveli 60, ambayo ndo ilikuwa ya juu kabisa kipindi hicho, hiyo unaivumilia maana una uhai wa maelfu, na laana yenyewe inaisha haraka tu. Waliotengeneza walijua itabaki mle mle hekaluni.

Sasa kulikuwa na kitundu. Wawindaji kwenye hiyo gemu wana wanyama wao wa kufuga, simba, dubu, nguruwe, na mnyama unaweza kumrudisha anapotea halafu ukamuita tena baadaye. Mtu anaona simba wake ameshalaaniwa anakaribia kufa, anamrudisha haraka amuokoe, na kumbe mnyama akipotea muda wa laana nao unasimama pale pale ulipofikia! Mwenyewe anamaliza kazi yake anaenda mjini Ironforge au Orgrimmar, sokoni katikati ya watu wamebanana, anamuita simba wake, na laana inaendelea kana kwamba bado wako mbele ya Hakkar. Wageni wa leveli za chini wenye uhai wa mia na kitu wanadondoka hapo hapo hata hawajui kilichowapiga.

Kilichoharibu zaidi ni wenye maduka na walinzi wa mji, wale wanaoendeshwa na kompyuta. Wanaipata laana, hawafi, wanasimama tu dukani, na kila anayekuja kununua anaondoka nayo. Njia zikajaa mifupa. Blizzard wakaomba watu wajitenge, wapi! Wakazima na kuwasha upya seva, zile kompyuta zinazoendesha gemu, na mwezi wa kumi wakabadilisha wanyama wasiipokee kabisa, ndo ikaisha.

Na kuhusu wataalamu ni kweli. Mwaka 2007 Eric Lofgren na Nina Fefferman waliandika kuhusu tukio hili kwenye jarida la The Lancet Infectious Diseases, maana kwenye hesabu za magonjwa ni ngumu kujua binadamu atafanya nini akiogopa, na hapa walionekana wakimbiaji, wasaidizi, wanaokuja kushangaa tu halafu wanaondoka nayo, na wale wa roho mbaya wanaoipeleka kwa wengine makusudi. Kasoro yake ni kwamba kwenye gemu ukifa unakuwa mzimu, unakimbia kutoka makaburini mpaka kwenye maiti yako unafufuka, kwa hiyo watu wanajaribu vitu ambavyo mtaani wasingejaribu. Ingawa baada ya kuiona korona, mimi sina uhakika sana na hiyo "wasingejaribu".

SWALI: Anko mambo, hivi gemu si ina waganga, kwanini hawakuwatibu tu watu yakaisha? Dogo wa Tabata.

JIBU: Poa dogo. Walitibu sana na ndo shida ikazidi. Mganga anamrudishia mtu uhai, mtu hafi, anaendelea kuzunguka na laana anawagawia wengine, na mganga mwenyewe akikimbilia karibu akutibu, naye anaipata. Roho nzuri ilichangia kama roho mbaya tu.

SWALI: Anko naandika hadithi ya kubuni yenye falme na majini, nataka laana kali kuliko zote ila kila nikiisoma naona haiogopeshi, mhusika akilaaniwa anakufa basi. Nifanyeje? Mwandishi Chipukizi, Mombasa.

JIBU: Kaka, ukali wa laana yako umeuweka wote kwenye kufa, na aliyekufa hana tena la kufanya kwenye hadithi. Angalia ya Hakkar, inatisha kwa sababu ina masharti yanayoeleweka, inaruka kwa aliye karibu, mnyama anaibeba, muuza duka haimuui. Ukishayajua hayo tu kichwa kinaanza kujiuliza, sasa huyu mama anayeuza mkate ataambiwa na nani asifungue duka kesho? Amua laana yako inabebwa na nini, nani haimdhuru, na mtu mwema akitaka kusaidia anaharibu wapi, halafu masharti hayo usiyavunje hata mfalme akilia. Dawa usiitoe kwenye sura ya mwisho kama mganga aliyekumbuka ghafla, iweke mapema mahali msomaji ameiona akaipita. Na huyo jini wako mkuu mpunguzie hotuba, nimesoma kipande ulichonitumia, anaongea kurasa tatu kabla hajamlaani mtu.