Bolti za Tiguan ukibadilisha rimu
Buda, kama umetoa rimu orijino za Tiguan ya VW ukaweka hizo ulizonunua Grogan, kule kwa vipuri Nairobi, usirudishie tu bolti za zamani. Za VW ni M14x1.5 (unene milimita 14, nafasi ya uzi milimita 1.5) na shingo yake, pale inapokalia rimu, ni ya mviringo kama mpira, lakini rimu nyingi za kununua zinataka ya koni, digrii 60, sasa ukichanganya inashika pembeni tu na italegea hata ukaze aje. Chungulia tundu la rimu kwanza. Urefu pia, iingie kwa mkono angalau raundi saba na nusu na isiguse kitu huko nyuma. Fundi asianze na mashine ya upepo (wanaipenda sana hao!), akaze kwa msalaba (bolti moja kisha ya upande wa pili), gari ikishuka chini amalizie na spana ya torki, ile inayopima nguvu ya kukaza, alafu baada ya kilomita 80 hivi urudie kukaza.