Barua kwa mwanangu: kabla hujaacha kazi

Mwanangu,

Umeniuliza kwa nini, ukiwa na miaka 43, kila ukitazama kundi la WhatsApp la mliosoma pamoja unajiona umebaki nyuma, na kama uache kazi ukafuge kuku wa nyama kama wale wa kwenye video. Umesema pia unachoka.

Hali hii si ngeni. Mtaalamu wa saikolojia Elliott Jaques aliandika juu ya msukosuko huu wa umri wa kati mwaka 1965. Ila zamani mtu alijipima na jirani ambaye hata madeni yake aliyajua. Wewe unajipima na watu mia wanaoonyesha siku zao njema tu. Na ukituama kwenye video moja ya banda, simu inakuletea kumi zinazofanana nayo, mpaka udhani rika lako lote linafuga.

Kundi usijitoe, lihamishie kwenye kumbukumbu (archive). Wanaokuchoma roho, nyamazisha hali (status) zao. Simu ilale sebuleni, ununue saa ya kengele, maana ikiwa kitandani utaishika saa nane usiku.

Sasa kuku. Mmoja hula takriban kilo 4 mpaka wiki ya sita. Vifaranga 300 ni kilo 1,200, yaani mifuko 24 ya kilo 50, kabla hujauza hata mmoja. Bado joto la wiki za mwanzo, maranda, chanjo ya magonjwa ya kuku, kideri na Gumboro. Wengi huangukia wiki ya nne: hela ya chakula inakatika, wanapunja, kuku hawafikii uzito na mnunuzi anajipangia bei. Anza na 50, mifuko 4, mshahara ukiwa bado unaingia. Andika kila senti. Mizunguko mitatu ikilipa, hapo tuzungumze habari ya kuacha kazi.

Mkopo wa simu usiuguse, nakusihi. Ada ya asilimia 7.5 kwa siku 30 huonekana ndogo, lakini 20,000 ikizungushwa mwaka mzima inakula 18,000 za ada peke yake, na deni liko palepale.

Uchovu unaousema unanitia wasiwasi kuliko kuku. Kapime presha, sukari na wingi wa damu wiki hii. Huzuni na kukosa usingizi vikipita wiki mbili, mwone daktari. Huenda ikawa sonona, ugonjwa wa huzuni ya muda mrefu, nayo ina tiba. Mkeo mweleze yote leo, na majibu yakitoka nipigie.

Mama yako