Yule bibi wa melini ni nani?

SWALI: Shikamoo, Dada. Nimeangalia filamu ya Poor Things ya 2023. Kule melini kuna bibi mmoja, ndiye anayempa vitabu Bella, mhusika mkuu. Mume wangu akaniambia ni mwigizaji mkongwe wa Ujerumani, basi nikaitafuta filamu yake ya zamani, Katzelmacher. Jamani! Watu wamekaa tu kwenye kizuizi cha chuma mbele ya nyumba, na yeye anaongea kama aliyeamshwa usingizini. Huyu ni nyota kweli, au hajui kuigiza? – Msomaji mwenye usingizi

JIBU: Marahaba. Usione haya, mimi mara ya kwanza nililala kabisa, nikaamshwa na mwanga wa taa.

Huyo ni Hanna Schygulla, mzaliwa wa Silesia (sasa ni Poland) mwaka 1943, akakulia Munich. Huko ndiko alikokutana na Rainer Werner Fassbinder, wakijifunza uigizaji pamoja. Katzelmacher, ya 1969, aliiongoza Fassbinder, nayo ilirekodiwa kwa siku 9. Ule ubaridi wa sauti ni wa makusudi. Fassbinder hakutaka mwigizaji akulilie ili nawe ulie. Alitaka uwatazame hao vijana wasio na la kufanya mpaka uchoke nao, ndipo uone jinsi uchovu wao unavyogeuka chuki siku anapohamia Mgiriki mmoja, kibarua mgeni. Fassbinder mwenyewe ndiye aliyemwigiza huyo Mgiriki. Hanna ni Marie, anayempenda. Angalia Marie anapozungumzia kwenda naye Ugiriki: sauti ni ileile ya chini, wala hapepesi macho. Mwingine angeyapamba maneno hayo kwa machozi, nasi tungeyasahau kesho yake.

Baada ya filamu yao Effi Briest (1974) wawili hao walikosana, ikapita miaka kadhaa bila kufanya kazi pamoja. Waliporudiana ndipo ilipotoka The Marriage of Maria Braun, iliyompa Hanna tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin mwaka 1979. Mwisho wake sikusimulii, ila sikiliza redio: wanatangaza fainali ya Kombe la Dunia ya 1954, na mtangazaji haachi kupiga kelele hata nyumba ikiwa inateketea. (Haya, nimeshasimulia.) Tamasha la Cannes, Ufaransa, nako wakampa tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka 1983, kwa filamu ya Mwitaliano Marco Ferreri.

Ukitaka kumjua vizuri, anza na The Bitter Tears of Petra von Kant ya 1972. Chumba kimoja, wanawake peke yao, na Hanna ndiye Karin, binti anayemtia wazimu mwenye nyumba. Halafu tafuta Peter von Kant ya François Ozon, ya 2022. Ni kisa kilekile, ila aliyetiwa wazimu sasa ni mwanamume. Mlango unafunguliwa, mama yake anaingia: ni Hanna, miaka 50 baadaye, na ile sauti yake ya usingizini.