Akili ndani ya barafu: anzia Kolo

Mdogo wangu, umeuliza ufanyeje ili yale majengo ya kale katika hadithi yako ya dunia ya barafu, yanayotunza akili za waliokufa, yasifanane na chumba cha maiti. Nimelifikiria swali lako tangu jana.

Kwanza, barafu si rafiki wa ubongo. Maji yakiganda hutanuka kwa karibu asilimia 9, na chembe zake zenye ncha huzipasua seli. Kwa hiyo usiugandishe ubongo. Akili iwekwe kwenye mawe yenyewe, baridi ibaki mlinzi.

Halafu, kwa kuwa uko Dodoma, panda basi uende Kolo, Kondoa. Michoro ya kale ya miambani ya huko iliingia kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2006, lakini kilichonishika mimi ni kwamba watu bado wanafanya matambiko pale, ya mvua na ya uponyaji. Nilisimama mbele ya watu wembamba waliochorwa kwa rangi nyekundu, nikasahau hata kupiga picha. Jengo lako linahitaji hilo: watu wanaolijia na shida zao. Nani anaruhusiwa kuingia? Akili huombwaje? Ikikataa kujibu je?

Kuhusu umbo, achana na minara. Angalia tembe la Wagogo: fupi, paa bapa la udongo. Hata upepo wa barafu utalipita kwa juu.

Ukimaliza sura ya kwanza niletee, nitaisoma yote.