Chukua vipimo vyako viwili kabla ya kwenda soko la Kadutu kununua sidiria

Mimi ni fundi wa nguo za wanawake hapa Bukavu. Mteja akiniletea kikwembe nimshonee blauzi ya kubana kwa ajili ya harusi, kabla sijagusa kitambaa natazama sidiria aliyovaa. Ikiwa imelegea, titi linakaa chini ya mahali pake, na mishono yote ya kifuani niliyoielekeza pale inakuwa kazi bure siku atakapovaa sidiria nyingine. Ndiyo sababu nimewapima wanawake wengi kuliko mafundi wenzangu wanavyoona lazima, na karibu kila mara nakuta tatizo lile lile: mkanda wa kifua mpana mno, kikombe kidogo mno.

Ukimwuliza mtu amejuaje saizi yake, atakwambia, "Mimi huvaa 100 tangu zamani." Nani alimpa hiyo 100? Mara nyingi ni muuzaji aliyemkodolea macho akiwa amevaa sweta ya baridi ya asubuhi, akachomoa moja kwenye rundo na kusema, "Mama, hii iko saizi yako kabisa!"

Kujipima nyumbani hakuchukui muda. Unahitaji mita ya fundi wa nguo, ile laini, na mlango unaofungika. Kwanza ilaze mita kando ya rula ya mtoto wa shule uone kama sentimita 30 za huku ni 30 za kule, kwa sababu mita za bei ndogo huvutika zikizeeka. Kama huna mita kabisa, tumia kamba nyembamba isiyovutika, uitie alama kwa kalamu kisha uipime kwa hiyo rula. Lastiki usiitumie.

Vua sidiria yenye sponji. Sponji inaongeza sentimita ambazo si zako. Pima ukiwa kifua wazi, au na sidiria nyepesi isiyo na kitu ndani.

Kipimo cha kwanza ni cha chini ya matiti, pale mkanda unapokaa. Toa pumzi, kisha vuta mita ibane vizuri bila kuumiza. Tatizo huwa mgongoni: mita hupanda au hushuka bila wewe kujua, na kioo cha nyumba nyingi ni kile cha kutazamia uso tu. Mwite dada yako au binti yako mkubwa aangalie kama mita imekaa sawa mbele na nyuma. Andika namba hiyo.

Kipimo cha pili hupita juu ya matiti, penye chuchu. Hapa mita iguse ngozi tu, isibane hata kidogo. Aliye na matiti yaliyosimama atapima akiwa wima na mambo yamekwisha. Lakini wengi wetu tumenyonyesha, na matiti yaliyoshuka ukiyapima wima hutoa namba ndogo kuliko ukweli. Pima wima, kisha inama mbele mpaka mgongo uwe sambamba na sakafu, pima tena, na uchukue namba ya katikati ya hizo mbili. Hii ya kuinama wanawake huiona kichekesho, lakini ndiyo inayobadilisha majibu.

Sasa hesabu. Namba ya kwanza inakupa mkanda: ukipata kati ya 73 na 77, mkanda wako ni 75, kati ya 78 na 82 ni 80, kati ya 83 na 87 ni 85, na kuendelea hivyo kwa hatua za tano tano. Kisha toa namba ya kwanza kwenye ya pili. Tofauti ikiwa sentimita 12 hadi 14, kikombe ni A. Kutoka 14 hadi 16 ni B, 16 hadi 18 ni C, 18 hadi 20 ni D, 20 hadi 22 ni E, 22 hadi 24 ni F. Ukiangukia mpakani kabisa, jaribu herufi zote mbili.

Jirani yangu mmoja, mama wa watoto watatu, alikuwa na 79 chini na 98 juu. Tofauti ni 19, basi ni 80D. Alikataa katakata. "D? Mimi? D si ya wale wenye matiti makubwa sana?" Ni imani iliyoenea. Herufi hizi zilianza kutumika Marekani katika miaka ya 1930, zikiwa nne tu, A mpaka D, na tangu hapo D imebaki na sifa ya kuwa mwisho wa dunia. Herufi peke yake haisemi ukubwa. Inasema titi limetokeza kiasi gani kutoka kwenye mkanda fulani. D ya mkanda wa 70 inabeba titi dogo kuliko D ya mkanda wa 90, na ukiziweka juu ya meza utaziona kwa macho.

Halafu jirani akanionyesha sidiria yake: 100B. Hapa ndipo mambo ya sokoni yanapoanza.

Hiyo 100 ilikuwa ya Kifaransa. Ufaransa na Hispania huongeza 15 kwenye namba ya mkanda inayotumika Ujerumani na Uholanzi. Kwa hiyo 75 ya Ujerumani ni 90 ya Ufaransa, 80 ni 95, 85 ni 100. Waingereza na Wamarekani huandika kwa inchi: 75 ni 34, 80 ni 36, 85 ni 38. Waitalia wana namba zao ndogo, 34 ya Uingereza kwao ni 3. Balo moja la mitumba likifunguliwa Kadutu linaweza kuwa na zote hizo, na za Ubelgiji huja kwa mtindo wowote kati ya ule wa Ufaransa na ule wa Ujerumani. Mwanamke anayeshika "80" bila kujua ni ya nchi gani anaweza kurudi nyumbani na sidiria ya msichana, kwa sababu 80 ya Ufaransa ni 65 ya Ujerumani.

Herufi nazo zinakwenda pamoja mpaka D, kisha Waingereza wanaachana na Wajerumani na Wafaransa: baada ya D wanaandika DD, halafu E. E ya Ujerumani au Ufaransa ndiyo DD yao, na F ndiyo E yao. Sidiria mpya kutoka China, zile zinazoandikwa 36/80 au 34/75, mimi huzipandishia kikombe kimoja bila kujiuliza. Kwa wateja wangu, karibu kila mara herufi yake imekuwa ndogo kuliko inavyojitangaza.

Kwa bahati nzuri lebo nyingi za kiwandani zina mstari mrefu wenye namba za nchi kadhaa. Tafuta zile herufi EU (mtindo wa Ujerumani) na F au FR (mtindo wa Ufaransa) kabla ya kulipa. Lebo ikiwa imekatwa, na kwenye mitumba hukatwa sana, toa mita yako mfukoni. Shika mkanda ncha kwa ncha, uvute mpaka ukaze kama utakavyokaza mwilini, na upime. Ukifikia namba yako ya kwanza ukiwa bado na nguvu kidogo, sidiria hiyo yafaa kujaribiwa. Ukiipita kwa mbali bila ubishi, lastiki imekufa. Achilia ghafla uone kama unarudi haraka. Uliochoka hurudi pole pole, na huo usiununue hata kwa bei ya zawadi.

   

Usipopata saizi yako sokoni, kuna njia ya kukwepa. Ukipanda mkanda mmoja, shuka herufi moja. Ukishuka mkanda, panda herufi. Ujazo wa kikombe unabaki ule ule: 80D, 85C na 75E ni ndugu. Ukitazama vizuri utaona kwamba 85B ya jirani, ile 100B ya Kifaransa, ilikuwa pungufu kwa kikombe kizima, tena imelegea. Lakini usihame mbali. Hatua moja inavumilika, hatua mbili mkanda hautashika tena, na mkanda ndio unaobeba uzito mwingi. Kamba za begani ni wasaidizi. Mabega yakiwa na mifereji jioni, usikimbilie kuzilegeza. Angalia kwanza kama mkanda unafanya kazi yake.

Ukiivaa, fungia vishikizo vya nje kabisa. Mkanda utavutika kwa miezi, na wakati huo utahamia vya ndani. Ukianzia vya ndani ikiwa mpya, hutakuwa na mahali pa kukimbilia. Inama, ingiza mkono, vuta titi lote kutoka upande wa kwapa mpaka liingie kikombeni. Wengi huruka hatua hii, kisha wanadhani kikombe kinawatosha kumbe robo ya titi iko kwapani. Waya ukiwepo, uzunguke titi lote bila kulala juu yake, na kipande cha katikati kiguse mfupa wa kifua. Titi likikatika mara mbili juu ya kikombe, ni kidogo. Kitambaa kikikunjamana, ni kikubwa, au titi halijavutwa.

Kisha nyanyua mikono kama unayefunga kilemba. Mkanda ukipanda, umelegea. Panda ngazi za mtaani kwako. Kwa milima yetu hakuna anayekosa mahali pa kufanyia jaribio hilo.

Titi moja likiwa kubwa kuliko jingine, na kwa wanawake wengi ndivyo lilivyo, nunua kwa kufuata lile kubwa. Upande mdogo unaweza kukaza kamba au kuweka kipande cha sponji. Lakini titi lililobadilika umbo ghafla, au lenye uvimbe, hilo si la fundi. Nenda hospitali.

Usijipime siku za karibu na hedhi, matiti huvimba. Mwenye mimba apime upya kila nguo zinapoanza kumbana, na anayenyonyesha apime kabla mtoto hajanyonya, matiti yakiwa yamejaa, kwa sababu sidiria ikibana muda mrefu maziwa huweza kuziba na titi kuuma. Kwa miezi hiyo mimi hupendekeza isiyo na waya, inayofunguka mbele au kikombeni.

Mtumba ukifika nyumbani, ufue kwa mkono kwa sabuni na maji ya uvuguvugu, uanike kivulini, pasi usiisogeze karibu. Joto ndilo linaloua lastiki. Kuwa na mbili tatu za kubadilishana kunasaidia kuliko kuwa na moja ya bei kali, maana lastiki inahitaji kupumzika baada ya siku nzima.

Na mabinti. Kina mama wengi humpa msichana sidiria iliyomchosha mama mwenyewe, inayokazwa kwa pini. Mwili wake unabadilika kila muhula wa shule, basi mpime kila muhula, yeye mwenyewe akishika mita na wewe ukiangalia mgongo. Mnunulie laini isiyo na waya. Na akiona aibu mbele yako, mwachie shangazi yake.