Kwa mnaoanza kazi katika kampuni ya Japani inayoyumba

Wadogo zangu mliokuja Japani kwa mpango wa ABE, ule wa kuwasomesha vijana wa Afrika na kuwapa mafunzo ya kazi katika kampuni za huku, na ninyi mlioajiriwa huku moja kwa moja, msiikimbie kampuni kwa sababu tu mahesabu yake ni mabaya. Kampuni inayostawi itakupanga kwenye foleni ya miaka ya utumishi, nyuma ya walioingia Aprili zilizopita, maana Aprili ndipo kampuni za huku hupokea waajiriwa wapya. Iliyobanwa haina muda wa foleni.

Tazameni Nissan mwaka 1999. Ilikuwa na madeni ya yeni trilioni 2 na zaidi. Carlos Ghosn alipotumwa kuiokoa na Renault, kampuni ya magari ya Ufaransa, hakuwaachia washauri wa nje kazi ya kufikiri. Aliunda timu tisa za mameneja wa kati, watu kama kumi kila timu, wahandisi wakikaa meza moja na watu wa ununuzi na mauzo. Walipewa miezi mitatu na ruhusa ya kuchunguza kila kona ya kampuni. Hawakuwa na mamlaka ya kuamua, ila kila timu ilikuwa na wakurugenzi wawili wa kuikingia kifua, maana bila wao hakuna mkuu wa idara ambaye angefungua mafaili yake. Mpango uliotokana na kazi yao, uliotangazwa Oktoba, uliumiza wengi, viwanda vilifungwa, lakini mwaka wa fedha wa 2000 faida ilirudi. Yaliyompata Ghosn tangu akamatwe 2018 kwa tuhuma za fedha hayafuti kazi ya timu zile.

Kwa hiyo jambo la kwanza: tafuta mkubwa wa kukukingia kifua kabla hujatafuta cheo.

La pili ni hesabu, na hili nalisisitiza sana. Shirika la ndege la Japan Airlines lilifilisika Januari 2010. Kazuo Inamori, mwanzilishi wa kampuni ya Kyocera, mzee wa miaka 78 aliyeitwa kuliongoza, alikuta matokeo ya fedha yakichukua miezi kutoka. Akaigawa kampuni katika vikundi vidogo, hata faida ya safari moja ya ndege ikajulikana kesho yake. Septemba 2012 hisa za kampuni zikarudi sokoni Tokyo.

Mimi nimeliona hilo kwenye karakana ndogo ya vipuri huko Higashi-Osaka, mji wa viwanda vidogo jirani na Osaka. Kijana wa mwaka wa pili alikabidhiwa laini moja ya kuchonga vyuma pamoja na daftari la gharama zake: umeme, vyuma vilivyoharibika, saa za ziada. Kila Ijumaa alisimama mbele ya mwenye kampuni kueleza kwa nini namba zimepanda. Alitetemeka wiki za mwanzo. Baadaye ndiye aliyegundua kwamba vyuma vingi viliharibika asubuhi, mashine zikiwa bado za baridi, na wakongwe wakabadili ratiba ya kuziwasha.

Basi ukishapokelewa, usisubiri semina. Omba kazi moja ndogo yenye gharama zake kamili na siku ya kutoa maelezo. Habari mbaya ipeleke kwa bosi siku hiyohiyo. Na wakati wa usaili uliza: kijana wa mwisho kukabidhiwa kazi ya namna hiyo ni nani, na yuko wapi sasa? Wakikosa jibu, endelea kutafuta.